Mkongo si Kamba ya Katani

Vyama vya msingi vya ushirika vinazidi kutegemea mawasiliano ya mtandao katika shughuli zao za kila siku. Taarifa za chama huingizwa katika Mfumo wa Usimamizi wa Vyama vya Ushirika, ule unaojulikana kwa kifupi cha MUVU. Malipo ya wakulima hupitia benki na simu. Na mazao kama korosho na ufuta yamekuwa yakiuzwa kwa minada ya kielektroniki ya Soko la Bidhaa Tanzania, ambamo mnunuzi aliye mbali hutoa bei yake bila kuonana na muuzaji uso kwa uso. Kwa sababu hiyo chama chochote cha Korogwe au Handeni chaweza kujikuta mbele ya swali hili: je, kivute waya wa mwanga mpaka ofisini, au kisivute?

Swali hilo huamuliwa katika mkutano. Fedha hutengwa, fundi hutafutwa, na siku ya kazi hupangwa. Jambo ambalo aghalabu halizungumzwi mkutanoni ni nguvu itakayotumika kuuvuta waya huo. Huonekana kuwa ni dogo, la fundi na vibarua wake. Kumbe ndilo linaloamua kama waya utadumu miaka ishirini, au utakufa baada ya masika ya tatu, wakati fundi ameshaondoka na muda wa dhamana yake umekwisha.

Watu wa Old Korogwe na vijiji vinavyouzunguka mji huo hawana haja ya kufundishwa habari za kamba. Mkonge uliletwa katika pwani ya Tanga mwaka 1893 na Dakta Richard Hindorf, Mjerumani, aliyeagiza miche elfu moja kutoka Florida. Iliyofika ikiwa hai ilikuwa 62 tu. Reli iliyotoka Tanga ilifika Korogwe mwaka 1902, na mashamba yakaenea kandokando yake. Mwaka 1964 nchi ilizalisha katani ipatayo tani 230,000, kiasi ambacho hakijafikiwa tena tangu hapo. Majina ya Hale, Ngombezi, Magunga, Mwelya na Magoma yamekuwa ni majina ya mkonge kwa vizazi kadhaa. Mtu aliyekulia karibu na korona huijua kamba kwa kuishika tu. Basi anapopewa waya mweusi wenye unene wa kidole, na kuambiwa kwamba ndani yake mna nyuzi, mkono wake huuchukulia waya huo kama kamba. Hapo ndipo hasara inapoanzia.

Uzi mmoja wa katani hauzidi sana urefu wa mita moja. Kamba ya mita mia moja hupatikana kwa kuzisokota nyuzi fupi nyingi pamoja, zikashikana kwa msuguano. Uzi mmoja ukikatika, jirani zake huupokea mzigo wake, na kamba haibadiliki kwa jicho wala kwa kazi. Tena kamba ya katani ina adabu ya kutoa onyo kabla ya kuharibika: hulia, hurefuka, na manyoya yake husimama. Mzee anayefunga mzigo juu ya tela hulisikia onyo hilo na kuacha kukaza.

Mkongo hauna tabia hiyo. Nyuzi zake ni za kioo, na kila uzi una kipenyo cha sehemu moja ya nane ya milimita. Kila uzi ni mzima mwanzo hadi mwisho, bila kiungo isipokuwa pale fundi alipouunga, na kila uzi hubeba mwanga wake wenyewe. Jirani hawezi kumbebea mwenzake mwanga. Uzi mmoja ukikatika, njia moja imefungwa, hata kama nyuzi nyingine zote kumi na moja ni nzima. Zaidi ya hayo, ganda la nje halisemi neno. Waya ulioumia ndani na waya mzima hufanana kabisa mbele ya macho ya mtu anayeutazama mtaroni.

Kioo hukatikaje?

Wengi hudhani kwamba kioo ni kitu dhaifu. Dhana hiyo ni kweli nusu. Uzi mpya wa kioo usio na dosari hata moja, wenye unene uliotajwa hapo juu, waweza kuning'inizwa mzigo upatao kilo sita kabla ya kukatika. Waya wa chuma kigumu wa unene huo huo hukatika mapema kuliko hapo. Udhaifu wa kioo uko katika nyufa ndogo mno zilizo juu ya ngozi yake, zisizoonekana kwa jicho. Mhandisi wa Uingereza, Alan Griffith, alilieleza jambo hili mwaka 1921: nguvu inayovuta kioo hukusanyika yote kwenye ncha ya ufa, na ufa ukishakuwa na urefu wa kutosha hukimbia wenyewe mpaka kioo kigawanyike.

Muuza vitambaa hulijua jambo hilo bila kumsoma Griffith. Hawezi kuipasua kanga kwa kuivuta kwa mikono miwili. Lakini akikata kidogo ukingoni kwa mkasi, kanga hiyo hiyo hupasuka mpaka mwisho kwa nguvu ya mtoto. Kanga haikupungukiwa nguvu. Imepewa mahali pa kuanzia.

Kwa kuwa nyufa haziwezi kuondolewa zote, viwanda huzichuja. Uzi wote, kilomita baada ya kilomita, hupitishwa katika mashine inayouvuta mpaka urefuke kwa asilimia 1. Kiasi hicho ni sawa na kuuning'iniza mzigo wa gramu 860 hivi kwenye uzi mmoja. Mahali penye ufa mkubwa hukatika hapo hapo kiwandani, na kilichobaki ndicho huuzwa. Kwa hiyo mnunuzi hana hakika ya zile kilo sita za kitabuni. Ana hakika ya gramu 860 tu, tena kwa kitambo kifupi.

Neno hilo “kitambo” lina uzito wake. Ufa uliopona kiwandani haukufa. Ukipata mvuto wa kudumu pamoja na unyevu, huendelea kukua polepole, kwa sababu maji hudhoofisha kifungo cha kioo pale pale kwenye ncha ya ufa. Wataalamu huita hali hiyo uchovu wa kioo. Ndiyo sababu wajenzi wa mikongo wamejiwekea desturi ya vipimo viwili. Wakati wa kuvuta, uzi usirefuke zaidi ya asilimia 0.6. Baada ya kazi, waya ukiwa umetulia mahali pake kwa miaka, usibaki umerefuka zaidi ya theluthi moja ya asilimia 1, na wengi hupenda iwe chini ya hapo. Uzi ulioachwa katika mvuto wa asilimia 0.7 hautakatika siku ya sherehe ya kuufungua. Utapitisha mwanga vizuri, mgeni rasmi atapiga makofi, na ufa utaendelea na kazi yake ardhini, hasa katika bonde la Mto Pangani ambako mtaro hukaa na maji miezi mingi ya mwaka.

Anayebeba mzigo ni nani?

Charles Kao alipoonyesha mwaka 1966 kwamba mwanga waweza kusafirishwa mbali ndani ya uzi wa kioo safi, na kampuni ya Corning ya Marekani ilipoutengeneza uzi wa kwanza wa kufaa mwaka 1970, tatizo la kupitisha mwanga lilikuwa limepata njia. Lilibaki tatizo la kuuvuta uzi huo mitaroni. Jibu lilipatikana kwa kugawana kazi: kioo kibebe mwanga, na kitu kingine kibebe mvuto. Kitu hicho huwa ni waya wa chuma, au fimbo ngumu katikati ya mkongo, au nyuzi za manjano za aramidi. Aramidi inayojulikana zaidi ni Kevlar, iliyotokana na ugunduzi wa Stephanie Kwolek wa kampuni ya DuPont mwaka 1965. Nyuzi za kioo zenyewe hulazwa zikiwa zimelegea ndani ya vijibomba, mfano wa uzi uliowekwa ndani ya mwanzi ukiwa mrefu kidogo kuliko mwanzi wenyewe. Mwanzi ukivutwa, uzi hujinyoosha kwanza kabla ya kuanza kuumia. Ziada hiyo ni ndogo, chini ya asilimia 1, lakini ndiyo akiba yote iliyopo.

Hapa lipo kosa moja linalofanywa mara nyingi, nalo ni la kufunga kamba ya kuvutia kwenye ganda la nje. Ganda ni plastiki. Huvutika na kuteleza, likaziacha nyuzi za aramidi nyuma, na mzigo ukahamia kwenye kioo kisichoandaliwa kuupokea. Kamba yapasa ifungwe kwenye aramidi au kwenye fimbo ya katikati, na kati ya kamba na waya kiwekwe kizungushio, ili kamba inapojisokota isiusokote na mkongo.

Mkongo wa kawaida wa nje, ule wa kulazwa ardhini au kuvutwa ndani ya bomba, umekusudiwa kuvumilia mvuto usiozidi nyutoni 2,700 wakati wa kazi, yaani uzito upatao kilo 275. Baada ya kazi mvuto unaobaki usizidi nyutoni 800 hivi, yaani kilo 80. Waya mwembamba wa kutoka nguzoni kuingia ofisini huvumilia kidogo zaidi sana: aina nyingi zenye waya wa chuma pembeni zimepangiwa kilo 60 wakati wa kuvuta na kilo 30 baadaye, na nyingine hazifiki hapo. Kiasi halisi cha kila waya huandikwa katika karatasi ya kiwanda. Karatasi hiyo yapaswa kukaa katika jalada la chama, siyo katika mfuko wa fundi.

Kilo 275 ni karibu na magunia matatu ya kilo mia moja. Kwa waya mnene hivyo, kiasi hicho huonekana kikubwa, na kweli si kidogo. Lakini mtu mzima mwenye afya akiegemea nyuma huvuta kilo 30 au 40 bila taabu. Watu kumi wakivuta kwa pamoja wameshaupita mpaka, na wakivuta kwa mkupuo, kama wavuvi wanavyovuta jarife, huupita kwa mbali ndani ya nusu sekunde. Trekta la nguvu za farasi 70 huvuta zaidi ya kilo elfu moja bila injini yake kubadili sauti. Nayo kamba ya katani inayotumika kuvutia, ikiwa ni ya unene wa mkongo wenyewe, huwa na nguvu kuupita mkongo. Haitakatika mapema kuuokoa. Chama kinachokosa winchi yenye kipimo ni heri kiahirishe kazi wiki moja kuliko kuazima trekta la jirani.

Hesabu ya kona

Mvuto kwenye waya hautokani na uzito tu. Hutokana zaidi na msuguano, na msuguano una tabia mbili ambazo ni vizuri katibu azifahamu, maana fedha nyingi hupotea hapo.

Katika bomba lililonyooka, msuguano huongeza mvuto kidogo kidogo kwa kadiri ya urefu. Bomba likiongezwa maradufu, nyongeza nayo huwa maradufu. Lakini kwenye kona msuguano hauongezi, huzidisha. Kila mchungaji hulijua hili: fahali mkali anaweza kuzuiwa na kijana mmoja ikiwa kamba imezungushwa mara mbili tatu kwenye shina la mti. Kona ya bomba hufanya kazi ya mti huo, ila safari hii humfanyia kazi fahali. Bomba likiwa kavu na kona ikiwa ya mraba, mvuto unaotoka upande wa pili huwa umezidishwa kwa 1.6 hivi.

Ichukuliwe njia moja ya mfano, kutoka kwenye shimo la barabarani mpaka ofisi ya chama iliyo ng'ambo ya daraja. Gurudumu la waya lenyewe linazuia kwa kilo 5. Sehemu iliyonyooka inaongeza kilo 45. Kuna kona nne, mbili za kupanda darajani na mbili za kushuka. Ikiwa waya umevutwa kwa namna ambayo sehemu ndefu imetangulia na kona zimekuja mwisho, basi mvuto unaofika kwenye kona ya kwanza ni kilo 50. Baada ya kona hiyo ni kilo 80. Baada ya pili, 128. Baada ya tatu, 205. Na baada ya nne, karibu 330. Mpaka wa kilo 275 umevukwa, na wavutaji hawajui, kwani wanaona tu kwamba kazi “imekuwa nzito kidogo mwishoni”.

Sasa gurudumu lihamishiwe upande wa pili, kona zitangulie. Mvuto unaingia kwenye kona ya kwanza ukiwa kilo 5 tu. Unatoka kwenye ya nne ukiwa kilo 33. Ukiongezwa na zile 45 za sehemu iliyonyooka, jumla ni kilo 78. Waya ni ule ule, bomba ni lile lile, vibarua ni wale wale. Kilichobadilika ni mahali pa kusimamisha gurudumu. Iwapo mahali hapo hapabadiliki kwa sababu za ardhi, yapo mafuta maalumu ya kulainisha ambayo hushusha kizidisho cha kona kutoka 1.6 mpaka kukaribia 1.2. Kwa mafuta hayo njia ya kwanza, ile mbaya, ingemalizika kwa kilo 104 hivi badala ya 330. Lakini yawe ni yale yanayoruhusiwa na mtengenezaji wa waya. Oili chafu ya gari, ambayo hupatikana bure, huweza kulila ganda.

Kona nayo isibane. Waya unapovutwa usikunjwe kwa duara lenye nusu-kipenyo pungufu ya unene wake mara ishirini. Ukishatulia, mara kumi. Waya wa milimita 12 unaovutwa wahitaji kona ya sentimita 24 hivi. Ukikunjwa kwa ukali kuliko hapo, upande wa nje wa kila uzi huvutwa na upande wa ndani hubanwa, na mvuto wa mkunjo hujumlishwa na ule wa winchi.

Waya wa juu ya nguzo

Vijiji vingi havitapata waya wa ardhini kwa sababu ya gharama, bali wa kuning'inia nguzoni. Hapa adui ni upendo wa watu kwa kitu kilichonyooka. Waya uliolegea huonekana kama kazi ya uvivu, na mwenyekiti anayepita humwambia fundi aukaze.

Ichukuliwe nguzo mbili zilizo mita 50 mbali, na mkongo wenye uzito wa kilo 100 kwa kilomita. Waya wote ulio kati ya nguzo hizo una kilo tano tu, uzito wa mkungu mdogo wa ndizi. Ukiachwa ushuke mita moja katikati, mvuto wake ni kilo 31. Ukikazwa ushuke nusu mita, mvuto huwa 62. Ukikazwa mpaka ushuke sentimita 10 tu, uwe mzuri wa kutazamwa, mvuto huwa kilo 312, mchana na usiku, masika na kiangazi. Kuunyoosha kabisa hakuwezekani kwa nguvu yoyote ile, kama anavyojua kila mama aliyewahi kukaza kamba ya kuanikia nguo. Kwa mkongo ambao haupaswi kubaki na zaidi ya kilo 80, nusu mita ndiyo kazi nzuri, na jicho halina budi kuzoea.

Waya ukiwa umelegea, huzuka swali la malori. Lori lililosheheni marobota ya katani au majani ya mkonge likipita chini ya waya mfupi, hulikamata tumbo lake na kuondoka nalo. Dawa yake ni nguzo ndefu mahali pa kuvukia barabara. Fundi anayekaza waya ili upitishe malori amelitibu jambo moja kwa kuharibu lingine.

Ardhini nako hakukosi mvuto. Jembe la trekta halifiki mita moja, na waya uliozikwa kina hicho uko salama nalo. Mvua ndiyo hufika. Mvua za Oktoba 2019 ziliharibu barabara na madaraja katika Wilaya za Handeni na Korogwe. Mahali pa namna hiyo udongo ukichukuliwa, waya uliokuwa umelala kitandani hubaki ukining'inia katika mkondo wa maji, ukivutwa na magogo na takataka. Huenda usikatike. Maji yakipungua hufukiwa tena na tingatinga la barabara, na kila mtu husahau kwamba umewahi kuvutwa. Nyufa zake hazikusahau.

Wala jambo hili si la mashamba tu. Mwaka 1879 waya wa simu za maandishi ulilazwa baharini kutoka Aden kupitia Zanzibar hadi Durban, na wajenzi wa enzi hiyo walikuwa wameshajifunza kwa hasara kubwa kwamba waya unaopandishwa kutoka kilindini waweza kukatika kwa uzito wake wenyewe. Mikongo ya mwanga ya SEACOM, iliyoanza kazi mwaka 2009, na EASSy, ya mwaka 2010, imezungushiwa nyaya za chuma katika maji mafupi. Hata hivyo mikongo hiyo miwili ilipata hitilafu kwa pamoja tarehe 12 Mei 2024 upande wa kaskazini wa Durban, na Tanzania ikawa miongoni mwa nchi zilizokaa siku kadhaa na mtandao wa kusuasua. Miezi mitatu kabla ya hapo, katika Bahari ya Shamu, mikongo mitatu ilikatika. Yaaminika kwamba iliburutwa na nanga ya meli Rubymar, iliyokuwa ikielea bila mabaharia baada ya kupigwa kombora. Chuma chote kile hakikutosha mbele ya nanga.

Wapo wanaosema kwamba chama kidogo hakina haja ya waya wake, kifaa cha mtandao wa simu kinatosha. Hoja hiyo si ya kupuuzwa. Chama chenye kompyuta moja na kazi ya saa mbili kwa siku chaweza kuendelea hivyo kwa miaka, ingawa mnara wa simu wenyewe mara nyingi hulishwa na mkongo ulioko mahali fulani mtaroni. Lakini chama kikishaamua kuvuta, kisivute kwa kubahatisha.

Anachoweza kufanya katibu

Katibu si mhandisi, na hatakiwi kuwa. Hata hivyo yako maneno machache yanayoweza kuingizwa katika mkataba kabla ya kutiwa sahihi: kwamba waya utavutwa kwa chombo kinachopima mvuto, kwamba kiasi cha juu kilichofikiwa katika kila kipande kitaandikwa na kukabidhiwa, na kwamba kipande chochote kilichopita mpaka wa kiwanda kitabadilishwa kwa gharama ya fundi, hata kama kinapitisha mwanga. Kifungu hicho cha mwisho mafundi hukipinga sana, nacho ndicho chenye maana kuliko vyote. Fundi hupenda kuonyesha karatasi ya kipimo cha mwanga, yenye mstari mzuri usiovunjika, na kusema kazi imepita. Kipimo hicho cha lazima huonyesha mahali uzi ulipokatika au kubanwa sana. Hakionyeshi uzi uliovutwa kupita kiasi ukaponea chupuchupu.

Kwa waya mwembamba wa kuingia ofisini hakuna hata haja ya chombo cha kigeni. Vyama vingi vinayo mizani ya kuning'iniza, ile ya kupimia mazao, inayosoma mpaka kilo 100. Ikiwa imehakikiwa na Wakala wa Vipimo kama sheria inavyotaka, ndoano yake moja ifungwe kwenye kamba ya kuvutia na nyingine ishikwe na mvutaji. Mtu mmoja asimame akiisoma kwa sauti. Kipimo kikifika 50, kazi isimame, itafutwe mahali waya ulipokwama. Mzee mwenye mkono mzuri wa kamba afaa kushika waya kwenye gurudumu, auachie polepole bila kushtua. Huko ujuzi wake wa katani una faida, kuliko upande wa kuvuta.

Waya ukishafika, uachwe mizunguko michache ya ziada, mita kumi au ishirini, katika shimo na ofisini. Ziada hiyo si ya mapambo. Waya ukija kukamatwa na lori au kuhamishwa na maji, ndiyo itakayotoa urefu unaotakiwa badala ya kioo kurefuka, na ukikatika ndiyo itakayomwezesha fundi kuuunga bila kuuvuta tena. Mahali unapopita pachorwe kwenye karatasi, na wanachama wenye mashamba njiani wapewe nakala. Mvua kubwa ya kwanza ikipita, mtu atumwe kutembea njia nzima mpaka kwenye daraja, aangalie kama kuna mahali udongo umeondoka na waya umebaki hewani. Akipaona, asiufukie. Aandike mahali, tarehe na urefu uliobaki wazi, kisha fundi aitwe aupime kabla udongo haujarudishwa.